Mzunguko wa Saba kwenye Redio ya Meli

Nianze na waliokuwepo, maana nikianza na redio yenyewe mtanikatiza kila mara: huyo nani, na yule katokea wapi.

Jumatatu ile barazani kwa Luhende, hapa Ngokolo, Shinyanga, tulikuwa watu watano. Wa kwanza ni Luhende mwenyewe, mstaafu wa hospitali ya misheni. Kazi yake miaka yote ilikuwa kukaa chumba cha redio na kuzungumza na zahanati za vijijini: wapi dawa zimekwisha, nani anahitaji gari la wagonjwa. Wa pili ni mkewe, Mama Mhoja. Mimi na yeye tulicheza vumbi moja tukiwa wasichana, ndiyo maana yeye ananiita Kabula wakati ninyi wote mnaniita Mama Sayi. Wa tatu ni Rehema, fundi wa simu na redio kutoka Katoro. Babu yake, Fundi Yusufu wa Ujiji, Mungu amrehemu, ndiye aliyenifundisha kazi. Wa nne mimi, msuka nyaya za mota. Wa tano alikuja kusalimia tu, akapewa kiti, akakipenda. Huyo ni mdogo wake baba mkwe wangu. Jina lake kamuulizeni Rehema, mimi ni mkwe.

Juu ya meza ya chakula, iliyotolewa nje tupate mwanga, ilikaa redio ya meli. Imevuliwa kifuniko na bado inanuka ziwa.

Ninyi mnaofundishwa na Sayi pale karakana mmeniomba niwaandikie kazi ngumu kuliko zote nilizofanya. Mlitegemea niseme mota ya karasha, ile ya kusaga mawe ya dhahabu, inayobebwa na wanaume sita. Hapana. Kazi iliyonitoa jasho ni pete moja ndogo inayoenea kwenye kidole gumba.

Redio ilitoka kwa Mabula, mpwa wake Luhende, aliyekuwa fundi mitambo kwenye meli ya mizigo huko ziwani. Meli ilipozeeka ikakatwa vyuma chakavu, Mabula akapewa redio kama zawadi ya kuagana, naye akamletea mjomba wake kwa kuwa alijua ugonjwa wake. Ugonjwa wa Luhende ni kuongea na watu asiowaona. Simu za mkononi zilipoenea, zahanati ziliacha redio, na chumba chake kikawa stoo ya magodoro. Mwingine angeshukuru kupumzika. Yeye alinunua vitabu, akasoma uzeeni, akafanya mtihani wa redio za ridhaa, akafaulu.

Nilimuuliza, "Ridhaa ndiyo nini, Luhende?"

"Ni watu wa dunia nzima wanaoongea kwa redio kwa kupenda tu. Hakuna biashara, hakuna siasa, hakuna mahubiri. Kila mtu ana herufi zake za kuitwa."

"Sasa mnaongea nini?"

"Tunaulizana kama tunasikika."

"Na mkisikika?"

"Tunafurahi."

Nilicheka mpaka nikaegemea ukuta. Lakini nilipofika nyumbani swali likanirudia: kufurahi kwa sababu gani? Mtu wa kazi akishaulizwa na kichwa chake mwenyewe, hapati usingizi.

Mtihani alikuwa amefaulu, lakini leseni ilikuwa haijatoka. Mtambo ulitakiwa kukaguliwa kwanza. Redio ya meli imefungwa kiwandani irushe sauti kwenye masafa ya mabaharia tu, na kukaa nayo nchi kavu bila leseni ni kosa. Ofisa wa leseni alikuwa anapita Shinyanga Alhamisi, na barua yake ilieleza wazi: mtambo ukifaa, Luhende anapewa leseni, usipofaa, unafungwa lakiri na kuchukuliwa. Luhende alikuwa na miaka sabini na minne. Redio nyingine asingeipata tena maishani mwake. Kwa hiyo mjue kilichokuwa juu ya meza ile.

"Mama, kazi ni tatu," Rehema aliniambia. "Tufungue kufuli, tubadili upande, tusuke kichujio."

Kufuli lenyewe lilikuwa diodi moja, ndogo kama punje ya uwele. Ipo pale kuiambia redio kwamba yeye ni wa majini. Rehema hakuikata. Aliipasha moto mguu mmoja akauinua ukabaki hewani. Hapo mjifunze: kitu cha kiwandani usikikate kama unaweza kukiinua. Siku ukijuta utakirudisha.

Aliporudisha umeme, Luhende akazungusha hadi kwenye masafa ya ridhaa. Tukasikia bata mzinga. Wallahi, kama bata mzinga wawili wanagombea mtama.

Mama Mhoja akasema, "Hao ndio watu wako wa dunia nzima?"

"Ni watu," Rehema akajibu. "Redio inawasikiliza upande usio wao. Sauti hewani ina pande mbili, wa juu na wa chini. Meli huongea upande wa juu. Hawa, kwenye masafa haya, huongea upande wa chini."

"Sauti ina upande?"

"Inao, mama. Kama kitenge. Ukikigeuza, maua yako palepale lakini huyasomi."

Akahamisha waya mmoja kutoka tundu hili kwenda lile, na bata mzinga mmoja akageuka mwanamume anayekohoa na kusema Kiingereza. Mama Mhoja akadondosha kisu. Mimi nilisogeza kiti. Toka nizaliwe nimefungua mota, dainamo, pampu, pasi, na sikuwahi kuona kitu kinachofanana na kile: mtu yuko ndani ya kelele tangu mwanzo, anasubiri umgeukie.

Ikabaki kazi ya tatu, na hiyo ilikuwa yangu.

Redio ile ina transista mbili za mwisho, zinazosukuma sauti kwenda kwenye antena. Sauti ikitoka hapo inatoka na takataka. Inataka kurukia mara mbili, mara tatu ya masafa yake, ikawasumbue watu wengine. Kichujio ndicho kinachozuia. Ni pete za unga wa chuma zilizozungushiwa waya wa shaba wenye vanishi, na kila kundi la masafa lina pete zake. Kwenye kundi la Luhende pete moja ilikuwa imeungua, vanishi imebabuka, nyaya zimelaliana. Mchoro ulisema mizunguko kumi na minne.

"Hapo ni kwako, Mama Sayi," Rehema akasema, akanipa pete mkononi kama mtu anayekuposa.

Sasa lazima niwaeleze ninavyohesabu, maana msipojua hilo hamtaelewa kosa langu.

Mimi niliishia darasa la nne. Hesabu naijua, lakini hesabu ina adui mmoja, naye ni salamu. Nilipoanza kazi kwa Fundi Yusufu kule Katoro, kibanda chetu kilikuwa njiani. Siku moja nasuka mota ya pampu ya duara la Mzee Kasanzu. Duara ni lile shimo la kuchimbia dhahabu, na likikosa pampu linajaa maji. Niko mzunguko wa arobaini na kitu, anapita mtu: "Shikamoo mama." Utamwachaje? "Marahaba." Mwingine: "Za hapa?" "Nzuri." Nikirudi kwenye waya, arobaini na ngapi? Nikakisia. Mota ilifungwa, ikanguruma, ikatoa moshi, ikanyamaza. Maji yakapanda duarani, na wachimbaji kumi na mmoja wakakaa siku mbili mbele ya kibanda chetu wakiniangalia tu. Hawakunitukana. Afadhali wangenitukana.

Fundi Yusufu akaniambia, "Kabula, namba hazina sura. Ukikatizwa, hujui umeishia kwa nani. Hesabu kitu chenye sura."

Nikatafuta watu. Nikachukua wale waliokuja kwetu siku ya posa yangu, jinsi walivyokaa uani kwa baba, kuanzia mlangoni. Walikuwa ishirini. Kila mzunguko jina moja. Waya wa sitini ni kuzunguka ua mara tatu. Toka siku hiyo nisalimieni mnavyotaka: nikirudi, najua nilimwacha Kwilasa na anayefuata ni Lugata. Bundala mshenga, Ng'wandu, Kwilasa, Lugata, Ng'washi, Minza. Wa saba ni baba mkwe wangu. Kisha Holo, Sitta, Kahindi, Tabu, Mhoja mkubwa, Salu, Limbu. Hao wa mbele ni kumi na wanne, waliobaki ninao pia.

Kwa ukoo nilikoolewa, mwanamke halitamki jina la baba mkwe. Kule Katoro, kwenye kelele za karasha, nilikuwa ninalinong'ona tu na mzunguko unapita. Hakukuwa na mkwe wa kunisikia, na waya hauna umbeya.

Basi Jumatatu nikaisuka pete. Waya niliupitisha kwenye kitambaa kwanza ili ukae sawa. Kwenye pete, mjue, mzunguko ni kila mara waya unapoingia tunduni. Usihesabu unachokiona kwa nje. Nikavuta, nikabana, nikataja majina kwa sauti ya chini, nikafika kwa Limbu, nikakwangua vanishi ncha zote mbili kwa wembe mpaka shaba ikang'aa. Pete ilipendeza. Rehema akaichomea mahali pake.

Tukafunga mzigo bandia badala ya antena, yaani rezista ndani ya kopo la mafuta, kwa sababu redio haijaribiwi ikiwa haina pa kumwaga nguvu. Luhende akabonyeza kitufe cha maikrofoni akapiga mluzi. Mshale wa mita ukapanda, ukaishia nusu. Rehema akaweka nyuma ya kiganja kwenye bati la kupoozea transista, akaruka.

"Zima! Baba, zima!"

Bati lilikuwa linaunguza. Transista zile mbili hazitengenezwi tena. Zikifa, Alhamisi ofisa angekuta kasha tu.

Rehema akaniuliza kwa adabu kabisa, "Mama, pete ni kumi na nne?"

"Kumi na nne."

"Una hakika?"

"Rehema, nilianza kusuka mama yako akiwa bado anaogopa kuku."

Akarudi kwenye mchoro. Jumanne yote tukatafuta kosa kila mahali isipokuwa mkononi mwangu. Tukabadili kapasita mbili. Tukachomea upya miguu yote. Nikamwambia labda ni ule upande wake wa juu na wa chini, nao akaukagua mara tatu, maskini. Mshale uko nusu, bati linaunguza, na kila jaribio tunawasha sekunde tatu tu kwa kuziogopea zile transista. Luhende alikuwa amefua shati lake jeupe la kazini na kulianika kwa ajili ya ofisa, na kila nilipoinua macho nililiona.

Vijana, mkiulizwa swali na mkalikasirikia, anzeni kutafuta hapohapo. Mimi nilipoteza Jumanne nzima.

Jumatano asubuhi tulikuwa walewale. Mama Mhoja alikuwa anakata viazi vya michembe, vile vipande vya kuanika. Mkwe wangu yuko kwenye kiti chake. Mama Mhoja akasema bila kuinua uso, "Kabula, mligombana?"

"Na nani?"

"Na baba yake mumeo. Juzi ulimruka."

"Nilimruka wapi?"

"Nimekusikia ukisuka miaka mingapi? Hao watu wako nawajua hata mimi. Ulitoka kwa Minza, ukakohoa, ukaenda kwa Holo. Nikasema, haya, makubwa, marehemu katolewa kwenye posa."

Rehema tayari alikuwa ameshika chuma cha kulehemu. Akaitoa pete, akaipitisha pini tunduni akigusa waya mmoja mmoja, akarudia mara ya pili kutoka nyuma.

"Kumi na tatu, mama."

Kumi na tatu! Mdomo ulikohoa kwa heshima, na mkono wangu, uliofundishwa miaka yote kufuata mdomo, haukupitisha waya. Mwenyewe sikuhisi kitu. Nilitamani sakafu ipasuke, maana sasa ilibidi niseme ni kwa nini, mbele ya mkwe wangu yule wa kwenye kiti.

"Ni kwa sababu Baba alikuwepo," nikasema, nikiangalia chini.

Mzee akaweka mkono sikioni. "Anasemaje?"

Luhende akampazia sauti: "Anasema redio yangu imekaribia kuungua kwa ajili ya heshima ya kaka yako!"

Mzee akacheka bila meno, mabega yakitikisika. Mimi sikucheka.

Rehema akaleta akili ya shule. "Mama, safari hii usitaje majina. Nitakuhesabia mimi kwa namba."

Nikakata waya mpya, tukaanza. Moja, mbili, tatu. Tulipofika tisa mlangoni kukaita, "Hodi! Shikamooni wazee!" Ni Mama Tatu wa nyumba ya pili, kaja kuazima kinu. Rehema akaitikia karibu, akampisha, akamwonyesha kinu kilipo. Aliporudi tukaangaliana.

"Tisa?" akasema. "Au kumi?"

"Sasa umeyajua ya babu yako," nikamwambia. Nikaufumua wote.

Nikaanza upya. Bundala mshenga. Ng'wandu. Kwilasa. Lugata. Ng'washi. Minza. Hapo mkono ukasimama. Ncha ya waya iko tunduni, haiingii wala haitoki. Nilijiambia, Kabula, ni neno tu, mwenye jina amelala kaburini, litaje. Halikutoka. Nikajaribu kupitisha waya kimyakimya, mkono ukakataa. Miaka hamsini, wanangu. Mkono nao una malezi yake.

Ndipo mzee kwenye kiti akalitaja yeye. Alilitaja polepole, lote, jina la nduguye pamoja na la baba yao, kama mtu anayemkaribisha mgeni ndani.

"Pitisha waya, ng'wanawane, mwanangu," akasema. "Huyo yuko tayari."

Nikapitisha. Holo, Sitta, Kahindi, mpaka kwa Limbu. Rehema akahesabu kwa pini: kumi na nne. Akachomea. Luhende akapiga mluzi, na mshale ukapanda ukasimama pale mchoro uliposema usimame. Rehema akaweka kiganja kwenye bati, akakiacha hapohapo.

"Vuguvugu," akasema. "Kama chai iliyosahauliwa."

Alhamisi ofisa alifika kabla ya adhuhuri, kijana mwembamba mwenye kisanduku cha kupimia. Alipima masafa, akapima nguvu, akatafuta takataka kwenye mara mbili na mara tatu. Akajaribu kurusha kwenye masafa ya mabaharia, redio ikagoma, maana Rehema alikwishaiwekea zuio kwenye programu ili Luhende asije akawaingilia watu wa majini wanaoomba msaada. Ofisa akainama juu ya ile pete muda mrefu.

"Hii si ya kiwandani."

"Ni ya Ngokolo," nikamwambia.

"Nani kaisuka?"

"Mimi."

"Umesomea wapi, bibi?"

"Katoro."

Alijaza karatasi, akaigonga muhuri akiiegemeza juu ya mkoba wake, akamkabidhi Luhende herufi zake za kuitwa kwa mikono miwili. Luhende alizisoma mara tatu. Kisha akakaa, akaunganisha antena, akashika maikrofoni akaita.

Hakuna aliyejibu. Akaita tena. Kimya, na yale mavumo ya mbali kama mtu anapepeta mchele. Ofisa alikuwa ameshavaa mkoba begani, gari linamsubiri nje, na hakuondoka. Mara ya nne mtu akamjibu. Alirudia herufi za Luhende zote, hakukosea hata moja, kisha akataja za kwake, akasema kwa Kiswahili cha Kongo, "Ninakusikia muzuri sana, mzee."

Luhende miaka yote alikuwa anaita akiwa na shida ya mtu mkononi. Siku hiyo hakuwa na shida yoyote. Akatugeukia kama anatuuliza sisi. Mimi ndiye niliyesema, "Muulize huko kukoje."

"Huko kukoje?" akauliza.

"Huku ni mvua," yule mtu akasema. "Inashuka sasa hivi. Nimetoka kuanua nguo, nimelowa."

Tukatazama juu sote, na ofisa pia. Jua lilikuwa kali, hakuna wingu hata la kusingizia. Kule mtu analowa, na tunamsikia akipangusa uso.

"Na kwenu?" akauliza.

"Kwetu jua," Luhende akasema. "Mke wangu ameanika viazi."

"Mwambie vinakauka vizuri!" Mama Mhoja akapiga kelele kutoka uani.

Luhende akamwambia. Mtu wa mvua akacheka. Na mimi, niliyemcheka Luhende ukutani, nilikuta nimesimama katikati ya baraza nimeziba mdomo kwa kanga, sijui nilisimama saa ngapi.

Hivyo ndivyo ninavyokumbuka. Yule mtu aliitwa Kitenge, na jina sikosei. Mimi nasema alikuwa Kalemie na alianua nguo. Rehema anashikilia alikuwa Kindu na alianua mihogo. Luhende tukimuuliza anasema hakusikia neno hata moja, alikuwa anasikia moyo wake. Kwa hiyo kama kati yenu yupo anayemjua Kitenge, au aliyekuwa anasikiliza masafa yale mchana ule, na ikawa nimekosea, anisahihishe mapema. Natamani kujua ilikuwa nguo au mihogo.